Jinsi Nguvu za Asidi na Alkali Zilivyopata Kupimwa

Kila mpishi wa pwani ajua ya kuwa maharage magumu huiva upesi yakitiwa magadi kidogo, na ya kuwa magadi yakizidi, chakula chote hupata ladha ya sabuni. Ukimwuliza ni kiasi gani kitoshacho, atakuonyesha ncha za vidole vyake. Tena magadi ya duka hili si sawa na magadi ya duka lile: haya yana mchanga, yale yameloa maji, hivyo vidole vile vile huleta leo chakula kizuri na kesho kibaya. Mpishi hupoteza sufuria moja tu. Lakini fikiri hali ya mtu mwenye majora mengi ya kitani cha kutakaswa, au tajiri aliyenunua shehena nzima ya majivu kutoka ng'ambo, naye hana kipimo chochote ila ulimi na vidole. Habari nitakayo kuandika hapa ni ya watu hao wa Ulaya, jinsi walivyotoka katika kuonja wakafika katika kupima. Na safari hiyo ilichukua zaidi ya miaka 200.

Kwanza tufahamiane juu ya majina. Asidi ni vitu vyenye ukali kama wa ndimu, ukwaju na siki. Alkali ni ndugu za magadi na za maji ya majivu, ambayo ukiyashika huteleza mkononi kama sabuni. Jina hili la alkali Wazungu hawakulizaa wao. Walilipata kwa Waarabu, ambao kwao lilikuwa jina la majivu ya mimea iotayo penye ardhi ya chumvi. Asidi na alkali zikikutana, kila moja huua ukali wa mwenziwe, na kinachobaki ni maji na chumvi isiyo na ukali wa huku wala wa huko. Kazi yote ya kupima imesimama juu ya jambo hilo. Ukijua kiasi cha asidi kilichohitajiwa kuiua alkali fulani, umejua alkali hiyo ilikuwa kiasi gani. Shida ilikuwa kujua ni dakika ipi vita vimekwisha.

Ishara moja ilijulikana mapema. Katika kitabu chake juu ya rangi kilichotoka mwaka 1664, Robert Boyle alieleza ya kuwa maji matamu ya maua ya urujuani, yaliyotumiwa na waganga kama dawa, hugeuka kuwa mekundu yakitiwa asidi, na kuwa ya kijani yakitiwa alkali. Boyle alitumia ishara hii kubagua vitu: hiki ni asidi, hiki ni alkali, na hiki si moja wapo. Kupima kiasi hakukuwa nia yake.

Rangi nyingine ni litmasi, ambayo ni ya samawati katika alkali na nyekundu katika asidi. Rangi hii hufanywa kwa mimea midogo iotayo juu ya miamba na miti, nayo ni jamii moja na marere, yaliyokuwa yakikusanywa pwani ya Afrika ya Mashariki katika karne ya 19 na kupelekwa Ulaya kwa kazi ya kutia nguo rangi. Wazee waliofunga mizigo ya marere huko Unguja sidhani kama kuna mtu aliyewaambia ya kuwa jamii ya mmea ule ilikuwa imekwisha kuwa shahidi katika maduka ya dawa ya Ulaya.

Ishara ya pili ni povu. Magadi ukiyamwagia siki hufoka, kwa kuwa hewa iliyofungwa ndani yake hufunguliwa. Mwaka 1729 Claude Joseph Geoffroy, mtengeneza dawa wa Paris, alitaka kujua nguvu za siki mbalimbali. Akapima siki, akatia ndani yake unga wa potasi kavu kidogo kidogo mpaka kufoka kukakoma, kisha akahesabu uzito wa unga uliotumika. Siki iliyokula unga mwingi ndiyo iliyokuwa na nguvu. Njia hiyo yaonekana ni nyepesi mno, hata mtu hushangaa kwa nini haikuonekana mapema zaidi. Lakini ndivyo yalivyo mambo mengi baada ya kuonyeshwa.

Sasa twende Uskoti, maana ndiko kipimo kilikoanza kuwa na thamani ya fedha. Katika karne ya 18 watu wengi wa huko waliishi kwa kazi ya kitani. Kitani kikitoka katika kitanda cha mfumi kina rangi ya udongo, wala hakinunuliki mpaka kifanywe cheupe. Madobi wa siku zile walikichemsha katika maji ya majivu, wakakitandaza juu ya majani kipigwe na jua na umande, wakakitia katika maziwa yaliyoganda ili uchachu wake uondoe mabaki ya majivu, kisha wakaanza tena tangu mwanzo. Mzunguko huu ulirudiwa mara nyingi, na nguo moja iliweza kukaa uwanjani miezi mingi kabla haijawa nyeupe. Majivu yakiwa dhaifu, kazi haiendi; yakiwa makali kupita kiasi, uzi huliwa, na nguo huraruka kama karatasi mikononi mwa mnunuzi. Na majivu hayo yaliletwa na meli kutoka nchi mbalimbali, kila pipa na tabia yake. Dobi alionja, akatema mate, akakisia.

Francis Home alikuwa mganga wa Edinburgh, mtu aliyekuwa ametibu askari katika vita vya Flanders kabla ya kurudi kwao. Mwaka 1756 alitoa kitabu juu ya kutakasa nguo. Ndani yake alieleza njia ya kuyapima majivu: chukua uzito ule ule wa majivu ya kila pipa, yayeyushe, kisha tia asidi ya shura iliyochanganywa na maji, kijiko cha chai kimoja kimoja, ukihesabu, mpaka yasifoke tena. Majivu yaliyotaka vijiko vingi yana alkali nyingi. Yaliyotaka vichache yana takataka nyingi. Basi ni hivyo tu: kijiko cha chai. Lakini ndipo kwa mara ya kwanza mtu alipoipima alkali kwa ujazo wa maji ya dawa, wala si kwa uzito, na kazi yote ya namna hii iliyofuata ni watoto na wajukuu wa kijiko kile.

Home huyo huyo aliwaonyesha madobi ya kuwa badala ya maziwa wangeweza kutumia asidi ya kiberiti iliyotiwa maji mengi. Asidi hiyo ilikuwa imekwisha kuwa rahisi, kwani John Roebuck alikuwa ameanza kuifanya katika vyumba vya madini ya risasi, kwanza Birmingham mwaka 1746, kisha Prestonpans karibu na Edinburgh mwaka 1749. Kazi ambayo maziwa yaliifanya kwa siku nyingi, asidi iliimaliza kwa saa chache. Walakini asidi hiyo ikizidi huila nguo, kwa hiyo dobi aliyeacha maziwa hakuwa na budi kuacha kukisia pia. Mimi nadhani hapa ndipo penye kiini cha habari yote. Dawa ya zamani ilikuwa dhaifu, na makosa yake yalivumilika. Dawa mpya ilikuwa kali, nayo haikusamehe. Watu hawakuanza kupima kwa kuwa walipenda hesabu. Walianza kwa kuwa nguo zilikuwa zikiwaharibikia.

Baada ya miaka 11 alitokea Mwingereza mmoja, William Lewis. Wakati ule makoloni ya Waingereza katika Marekani yalikuwa yakikata misitu na kuchoma miti ili kufanya potasi, na matajiri wa Uingereza walilalamika ya kuwa mapipa mengine yalikuwa mazuri na mengine ovyo. Lewis akayachunguza majivu hayo, na mwaka 1767 akatoa kitabu juu yake. Aliona kasoro mbili katika njia ya povu. Ya kwanza, jicho haliwezi kujua kwa hakika povu la mwisho ni lipi. Kwa hiyo alitumia karatasi iliyopakwa litmasi, akaiamini rangi. Ya pili ni kubwa zaidi. Nguvu ya asidi yenyewe ilikuwa haijulikani, na kupima kwa kitu kisichojulikana ni kama kupima nguo kwa mkono wa mtoto akuaye kila siku. Lewis aliijaribu asidi yake kwanza juu ya uzito unaojulikana wa potasi safi kavu, ndipo akaitumia kuyahukumu majivu ya biashara. Hivyo aliweza kusema: katika ratli 100 za pipa hili, ratli kadha ni potasi ya kweli. Muuzaji na mnunuzi wakapata neno moja la kusemezana.

Povu lilikuwa na udanganyifu mwingine pia. Majivu yakichanganywa na chokaa, alkali yake hupoteza hewa ile iliyofungwa ndani, ikawa kali kuliko kwanza, hata huchoma ngozi. Lakini ukiitia asidi haifoki. Mwenye kufuata povu peke yake angesema ya kuwa majivu hayo hayana kitu, kumbe ndiyo makali kupita yote. Joseph Black wa Uskoti aliieleza sababu ya jambo hili katika mwaka ule ule wa 1756 aliotoa Home kitabu chake. Rangi haidanganywi kwa njia hiyo.

Tuvuke bahari twende Ufaransa. Huko alkali ilikuwa ghali, kwa kuwa sehemu kubwa ilitoka nje, hasa majivu ya mimea ya pwani ya Hispania. Na watengeneza sabuni na vioo walizitaka sana. Mwaka 1775 ilitangazwa tuzo ya fedha livre 2,400 kwa mtu atakayeweza kufanya soda kutokana na chumvi ya kawaida. Nicolas Leblanc, mganga wa mtawala wa Orléans, aliipata njia, na mwaka 1791 akapewa hati ya kuimiliki. Wakajenga kiwanda Saint-Denis kwa fedha za bwana wake. Kisha mapinduzi yakawakuta: mwaka 1793 bwana wake alikatwa kichwa, kiwanda kikachukuliwa na serikali, na siri ya kazi ikatangazwa kwa watu wote bila malipo. Tuzo hakuipata kamwe. Kiwanda alirudishiwa baadaye kikiwa kitupu, wala hakuwa na fedha za kukifufua. Mwezi wa Januari 1806 alijiua kwa mkono wake mwenyewe. Wengine walitajirika kwa njia yake, na viwanda vya soda vikaenea Ulaya.

Katika mwaka huo huo wa 1806, François Descroizilles alitangaza chombo cha kupimia alkali. Mtu huyu alikuwa mtengeneza dawa wa Rouen, mji wa wafumaji nguo. Kwanza alikuwa amefanya chombo cha kupimia nguvu za maji ya klorini, yale maji mapya ya kutakasia nguo aliyoyaonyesha Berthollet mwaka 1785. Descroizilles alitumia nili: maji yenye nguvu huondoa rangi ya nili nyingi, yaliyo dhaifu huondoa kidogo. Chombo cha alkali kilikuwa mrija wa kioo uliochorwa mistari iliyo sawasawa tangu juu mpaka chini, umejazwa asidi ya kiberiti yenye nguvu iliyojulikana. Fundi alimimina polepole juu ya soda iliyopimwa, akaona rangi inageuka, akasoma mstari. Hakuwa tena na haja ya kuhesabu vijiko, wala ya kujiuliza kama kijiko cha leo kimejaa kuliko cha jana. Soda ikawa yauzwa kwa daraja: daraja nyingi, bei kubwa. Aliyezoea kutia chumvi ya kawaida au mchanga katika mapipa yake hakuupenda mrija ule, naamini.

Joseph Louis Gay-Lussac ndiye aliyeifanya kazi hii kuwa elimu kamili. Alikuwa mtu hodari, ambaye mwaka 1804 alipanda peke yake angani kwa puto mpaka urefu wa mita 7,000 hivi ili kuipima hewa. Katika maandiko yake ya mwaka 1824 juu ya klorini twakuta majina bureti na pipeti ya vyombo ambavyo wanafunzi wa kemia wavijua hata leo. Mwaka 1828 aliandika juu ya potasi za biashara. Huonyesha jinsi alivyolitazama jambo kwa makini sana: asema ya kuwa litmasi katika potasi hugeuka kwanza kuwa na wekundu wa mvinyo, nao husababishwa na ile hewa tu ifunguliwayo, kazi haijakwisha bado. Endelea kutia asidi tone kwa tone, mpaka rangi igeuke ghafula na kuwa kama ganda la kitunguu. Hapo simama. Fundi asiyejua tofauti ya mvinyo na ganda la kitunguu atamnyima muuzaji haki yake.

Mwaka 1832 Gay-Lussac alitoa habari za kupima fedha safi iliyomo katika sarafu kwa njia iyo hiyo ya matone, badala ya kuiyeyusha kwa moto, maana njia ya moto ilionyesha fedha pungufu kuliko ilivyo. Kifaransa huita kiasi cha fedha safi katika sarafu kwa neno titre, na kutokana nalo kazi yote ya kupima kwa matone ikaitwa taitresheni.

Yaliyofuata twaweza kuyapita kwa haraka. Karl Friedrich Mohr, Mdachi wa Koblenz, alitoa mwaka 1855 kitabu kikubwa cha kazi hii, akaifunga bureti kwa kipande cha mpira na kibanio, ili matone yatoke kwa amri ya vidole viwili. Mwaka 1877 ikapatikana rangi ya fenolftalini, isiyo na rangi katika asidi na yenye rangi ya waridi katika alkali, na mwaka 1878 methili chungwa.

Lakini kulikuwa na neno moja ambalo bureti haikuweza kulijibu. Nalo liliwasumbua wataalamu muda mrefu, kwa kuwa walikuwa wakisema "nguvu" kwa maana mbili bila kujua. Chukua chupa mbili, moja ya asidi ya chumvi na moja ya asidi ya siki, uzitengeneze kwa maji hata kila moja ihitaji soda sawasawa ili iuawe. Kwa hukumu ya bureti, hizi ni sawa. Sasa tia kipande cha zinki katika kila chupa. Katika ile ya kwanza zinki hutoa mapovu kwa ghadhabu. Katika ya pili mapovu hutoka kwa uvivu. Ni kama mabwana wawili wenye mali sawa: mmoja amebeba fedha yake yote mfukoni, mwingine ameifungia sandukuni, hutoa kidogo kidogo adaiwapo.

Aliyefungua fumbo hili ni kijana wa Uswidi, Svante Arrhenius. Mwaka 1884 alipeleka katika chuo kikuu cha Uppsala maandiko yake juu ya umeme kupita katika maji yenye chumvi na asidi. Wakubwa wake hawakupendezwa, wakampa alama ya chini. Alipeleka nakala kwa wataalamu wa nchi nyingine, na Wilhelm Ostwald, aliyekuwa akifundisha Riga, akaiona thamani yake, akasafiri mpaka Uppsala kuonana naye. Ostwald alikuwa amepima upesi wa asidi mbalimbali katika kazi zake, kama vile kuivunja sukari, naye akaona ya kuwa orodha yake na orodha ya umeme zilipatana. Maelezo yakawa haya: asidi ikiwa majini huachilia chembe za haidrojeni zenye umeme. Asidi ya chumvi huziachilia karibu zote. Asidi ya siki iliyo dhaifu kama katika mfano wetu huweza kuachilia chembe 13 tu katika kila 1,000. Ukiitia soda, zilizofungwa hufunguliwa kushika mahali pa zile zilizokufa, na ndiyo sababu bureti huzihesabu zote. Arrhenius alipewa tuzo ya Nobel mwaka 1903. Wale waliompa alama ya chini bila shaka walisikia habari.

Ikabaki kupata namba ya hizo chembe zilizo huru. Huko Copenhagen, katika nyumba ya utafiti iliyoanzishwa mwaka 1875 na mwenye kiwanda cha bia cha Carlsberg, alikuwako S. P. L. Sørensen. Alikuwa akichunguza vimeng'enya, yaani vitu vifanyavyo kazi ndani ya miili na ndani ya hamira, akaona ya kuwa vitu hivyo havijali asidi yote iliyomo; vyajali ile iliyo huru tu. Lakini hesabu yake ilikuwa ya tarakimu ndogo mno. Katika maji safi, haidrojeni huru ni gramu 1 katika lita 10,000,000. Nani atakayeandika sifuri hizo kila siku bila kukosea? Mwaka 1909 Sørensen aliamua kuhesabu sifuri zenyewe: 10,000,000 ina sifuri 7, basi maji safi na yaitwe 7. Kipimo hicho ndicho kiitwacho pH. Namba ikishuka, asidi yazidi. Ikipanda, alkali yazidi. Na kila hatua moja ni mara kumi. Maji ya ndimu yapata 2, maziwa mabichi ya ng'ombe 6.6, damu yetu 7.4. Zile chupa zetu mbili, ambazo bureti iliziita sawa, moja ina 1 na nyingine karibu 3.

Chombo cha kusoma namba hiyo kwa urahisi kilikawia. Ilijulikana tangu 1906, kwa kazi ya Max Cremer, ya kuwa ukuta mwembamba wa kioo wenye asidi upande huu na maji mengine upande huu hutoa nguvu kidogo ya umeme. Ila nguvu hiyo ilikuwa ndogo mno. Mwaka 1934 rafiki wa Arnold Beckman, aliyekuwa akifanya kazi kwa wakulima wa matunda wa California, alimjia na shida ya maji ya malimau. Maji hayo yalikuwa yametiwa dawa ya kiberiti yasiharibike, na kiberiti kiliondoa rangi ya litmasi, hata shahidi yule wa zamani akawa bubu. Beckman akatumia taa za redio kukuza umeme ule wa kioo, akavitia vyote katika sanduku moja. Mwaka 1935 lilianza kuuzwa kwa dola 195.

Ukilichovya sindano ya sanduku kama hilo katika Ziwa Magadi la Kenya, utasoma karibu 10, na katika chemchemi zake huishi samaki wadogo wasioona taabu kwa ukali huo. Soda ya ziwa hilo ilianza kuchimbwa na kampuni iliyoundwa mwaka 1911. Na mnunuzi wa soda, ijapokuwa ana sanduku la umeme mezani, atakapo kujua kiasi cha alkali alicholipia hupima uzito mdogo wa unga, huuyeyusha, hutia methili chungwa matone mawili, hufungua bureti, na kuitazama rangi.